Filamu Bubu Upanga: Jumamosi za Károly Huszár

Ukumbi mdogo wa filamu ulioko ghorofani katika jengo la zamani huko Upanga, mwendo mfupi wa miguu kutoka kituo cha mwendokasi cha Fire, umefanya uamuzi ambao wafanyabiashara wengi wa burudani jijini Dar es Salaam wangeukimbia. Badala ya kubandika jina kubwa kwenye tangazo, umepanga maonyesho yake ya Jumamosi kufuata kazi za mwigizaji mmoja wa pembeni, Károly Huszár wa Hungaria, ambaye karibu kila anayepanda ngazi zile hajawahi kumsikia. Filamu zinazoonyeshwa ni za kati ya mwaka 1921 na 1930. Nyingi hazina sauti, na zinasindikizwa na msimulizi anayeeleza kwa Kiswahili papo hapo pamoja na wanamuziki wawili, mmoja wa kinanda na mwingine wa fidla. Kiingilio ni shilingi 10,000, na wanafunzi wanalipa nusu. Nimehudhuria vya kutosha kuweza kusema ni wapi huduma hii inastahili sifa na ni wapi inajiangusha yenyewe.

Steringi, kama tulivyozoea kumwita tangu enzi za kanda za video, haonekani kwa bahati. Taa, kamera na hadithi vyote vinamwelekea yeye, na hata nakala ya filamu ikiwa mbovu kiasi gani mtazamaji atamfuata tu. Mwigizaji wa pembeni hana upendeleo huo. Anapewa sekunde chache ukingoni mwa picha, na asipoonekana katika sekunde hizo ni kama hakuajiriwa. Kwa hiyo msimu unaomhusu mtu wa aina ya Huszár unaukagua ukumbi wenyewe kuliko unavyomkagua yeye: kasi ikikosewa, mwanga wa jua ukipenya dirishani au msimulizi akizidisha maneno, atakayepotea kwanza ni yule mnene aliyesimama nyuma. Mimi niliupima ukumbi huu kwa kigezo hicho, yaani kama mtu aliyelipa kiingilio chake amemwona Huszár au hakumwona.

Maelezo yanayotolewa kabla ya kila onyesho ni mafupi na yameandaliwa kwa uangalifu. Huszár alizaliwa Budapest mwaka 1884, akaanzia jukwaani, kisha katika miaka ya 1910 akawa mchekeshaji wa filamu za nyumbani kwao kwa jina la utani la Pufi, alilopewa kwa sababu ya mwili wake. Filamu nyingi za Hungaria za wakati huo zimepotea, na ukumbi haukujaribu kuziba pengo hilo kwa vipande vya kuokoteza. Unasema wazi kwamba safari inaanzia Berlin. Sababu ya Berlin nayo inaelezwa vizuri. Mwaka 1919 serikali ya kikomunisti ya Béla Kun ilitaifisha sekta nzima ya filamu nchini Hungaria, na serikali hiyo ilipoanguka baada ya miezi michache tu, watu wa filamu wakaanza kutawanyika kwa kuhofia kisasi cha waliochukua madaraka au kwa kukosa kazi. Miongoni mwa walioondoka alikuwamo Mihály Kertész, ambaye dunia ilikuja kumjua kama Michael Curtiz, na Sándor Korda, aliyekuja kuitwa Alexander, na Béla Lugosi, ambaye baadaye alipata umaarufu kwa kucheza Dracula. Msimulizi aliwataja hao kwa pumzi moja, akarudi kwa Huszár. Nilipenda hivyo, kwa sababu ingekuwa rahisi jioni nzima kuliwa na Lugosi.

Onyesho bora kuliko yote lilikuwa la Der müde Tod, filamu ya Fritz Lang ya mwaka 1921. Msichana mmoja, anayechezwa na Lil Dagover, anamfuata Mauti hadi ndani ya ukuta wake kumdai mchumba wake aliyechukuliwa. Mauti, ambaye Bernhard Goetzke anamcheza kama mtumishi aliyechoshwa na kazi anayotumwa, anamwonyesha mishumaa mitatu inayokaribia kuzimika. Akiokoa hata mmoja, mchumba atarudishwa. Kila mshumaa ni hadithi yake: ya kwanza katika mji wa Waislamu, ya pili Venice, ya tatu China. Nakala iliyotumika ni ile iliyokarabatiwa na taasisi ya Ujerumani ya Friedrich-Wilhelm-Murnau-Stiftung na kuonyeshwa upya mwaka 2016, ikiwa na rangi za kupaka kama ilivyokuwa desturi enzi zile, si nyeusi na nyeupe peke yake. Kwenye pazia la ukumbi, ambalo si kubwa lakini limevutwa vizuri bila mkunjo, rangi hizo zilitulia, na nyuso zilisomeka hata kutoka viti vya nyuma.

Huszár anatokea katika hadithi ya tatu, akiwa mfalme wa China. Mchawi A Hi ameitwa kumburudisha, na ameonywa kwamba akimchosha mfalme atakatwa kichwa. Hapa ndipo mtu anaelewa kwa nini mchekeshaji wa Budapest aliajiriwa na mwongozaji asiyejulikana kwa kupenda mzaha. Wengine wote wanahangaika. A Hi anainama na kuinuka na kuchakura uchawi wake, jeshi la askari wadogo mno linamiminika mbele ya kiti cha enzi, na watumishi wanatazamana. Huszár amekaa tu. Mwili mzito umetulia kama gunia la mchele lililotuliwa kwenye mizani, na kinachofanya kazi ni uso peke yake: kwanza uchovu wa mtu aliyeshiba kila kitu, kisha udadisi kidogo, halafu, macho yanapomfikia msichana anayemsaidia mchawi, uroho ambao hautangazwi kwa ishara yoyote ya mkono. Waigizaji wengi wa enzi ya filamu bubu walifidia ukimya kwa kurusha mikono. Huyu alijua kwamba mtu mnene asiyesogea, katikati ya watu wanaohangaika, anavuta macho yote upande wake bila jasho. Ukumbi ulicheka pale mfalme alipokataa zawadi na kumtaka msichana, kisha ukanyamaza ulipotambua kwamba hatanii.

Wanamuziki walistahili pongezi kwenye sehemu hiyo. Ningetegemea wapige vile vinoti vya kuigiza Uchina ambavyo kila mtu amevisikia kwenye filamu za ngumi, lakini mpiga fidla alibaki na mwendo wa taarabu ya polepole, na kinanda kikamfuata kwa mbali. Kilichokosekana ni neno moja kutoka kwa msimulizi kuhusu Wazungu waliopakwa rangi na kuvishwa mavazi ili wawe Wachina. Mtazamaji wa leo analiona hilo mara moja, na kulipita kimyakimya ni kumwacha ajiulize mwenyewe. Tofauti yake ilionekana kwenye hadithi ya kwanza, inayotokea mwezi wa Ramadhani, ambamo Mzungu asiye Mwislamu anajipenyeza msikitini kwa kujificha na kugunduliwa. Hapo msimulizi aliutayarisha ukumbi mapema, akaeleza kwamba huo ni Uislamu wa kubuniwa ndani ya studio ya Berlin, na minong'ono iliyoanza kwenye safu za mbele ikapoa. Kama aliweza pale, angeweza na China.

Dr. Mabuse, der Spieler ya mwaka 1922, nayo ya Lang, ina sehemu mbili zinazokaribia saa nne na nusu kwa pamoja. Ukumbi ulizigawa kwenye Jumamosi mbili, na ulifanya vyema, kwani viti vyake ni vya plastiki vyenye mito myembamba na hakuna mgongo wa binadamu ungevumilia zote kwa mkupuo mmoja. Hadithi ni ya tapeli anayebadilisha sura, kucheza na akili za watu kwenye meza za kamari na kuyumbisha soko la hisa, wakati thamani ya pesa ya Ujerumani ikiporomoka nje ya ukumbi wa sinema kama ndani yake. Rudolf Klein-Rogge ndiye Mabuse, na genge lake lina kila aina ya mtu. Huszár ni Hawasch, anayesimamia karakana ya siri ambamo vipofu wanatengeneza noti bandia.

Wazo la vipofu lina ukatili wake: mafundi wasioweza kuona wanachokitengeneza hawawezi kumtambua mtu wala kutoa ushahidi. Kwa mtu aliyezoea kuona muuza duka wa Kariakoo akiinua noti ya elfu kumi kwenye mwanga kabla ya kutoa chenji, tukio hilo halihitaji maelezo. Bahati mbaya, hapo ndipo msimulizi alipoamua kutoa maelezo yote. Aliwaelezea vipofu, akaeleza mfumuko wa bei wa Ujerumani ambao alikwisha kuueleza kabla ya onyesho, akaongeza utani kuhusu noti za siku hizi, na wakati huohuo Hawasch alikuwa akipita katikati ya watu wake, na hakuna aliyemtazama. Mama mmoja wa makamo aliyekuwa amekaa safu ya pili alimaliza shughuli kwa upole:

"Mwanangu, hebu tuachie kidogo tumwone huyo mnene."

"Samahani mama," akajibu msimulizi, na kwa dakika kadhaa tulisikia fidla peke yake.

Sisemi kwamba usimulizi uondolewe. Dar es Salaam ina utamaduni wake wa kusimulia filamu, na si wa kubezwa. Kwenye vibanda umiza watu walijifunza kupenda filamu za lugha wasizozijua kupitia sauti za watu kama Lufufu, aliyeweza kumfanya jambazi wa Hong Kong azungumze kama mtu wa Manzese bila hadithi kuharibika. Japani nayo, katika enzi ya filamu bubu, ilikuwa na wasimulizi waliosimama kando ya pazia, na baadhi yao walivuta watu kuliko waigizaji. Lakini msimulizi wa kibanda umiza hushindana na sauti ya filamu yenyewe, ndiyo maana husema bila kukoma; filamu bubu haishindani naye, na ukimya wake ni sehemu ya kazi ya mwigizaji. Kijana wa Upanga ana sauti nzuri, Kiswahili chake hakina mawaa, na anavisoma vibao vya maandishi ya Kijerumani kwa tafsiri inayoeleweka mara moja. Anachohitaji ni kusoma kibao, kusema kilicho lazima, kisha akae.

Umeme ulikatika katikati ya sehemu ya pili. Jenereta liliwaka baada ya muda mfupi, lakini mtambo ulipowashwa filamu iliendelezwa mbele ya pale ilipokatikia, na kipande kizima kikarukwa. Watazamaji walilalamika, mhudumu akairudisha nyuma bila kubishana. Nalitaja hili kwa sababu kumbi nyingi zingesema "si mtaelewa tu mbele".

Jioni dhaifu kuliko zote ilikuwa ya Marekani. Katikati ya miaka ya 1920 Huszár alivuka bahari, akawa Charles Puffy, na kampuni ya Universal ikampa mfululizo wa vichekesho vifupi ambamo, kwa mara moja katika kazi yake ya kigeni, yeye ndiye aliyekuwa mbele. Marekani ilikwisha kumjua mchekeshaji mnene, Roscoe Arbuckle, aliyekuwa miongoni mwa waliolipwa vizuri kuliko wote kabla ya kesi zilizomvunjia kazi, ingawa mahakama ilimwona hana hatia mwaka 1922. Mtu aliyeingia kwenye viatu hivyo alihitaji kuonyeshwa kwa haki. Ukumbi ulimwonyesha kwa nakala iliyojaa mikwaruzo, bila shaka iliyopakuliwa kutoka intaneti, na kwa kasi isiyo yake.

Suala la kasi linahitaji sentensi chache, kwa kuwa wengi hudhani filamu za zamani zilipigwa zikiwa na ule mwendo wa kuruka-ruka. Hazikuwa hivyo. Kamera za enzi hiyo zilizungushwa kwa picha kati ya 16 na 24 kwa sekunde, kutegemea mpiga picha na mwaka, na ilikuwa sauti iliyokuja kulazimisha kiwango kimoja cha 24. Ukichukua filamu iliyopigwa kwa picha 16 au 18 ukaiendesha kwa 24, binadamu wanageuka vikaragosi. Kwa mchekeshaji mwembamba wa kukimbizana hasara si kubwa sana. Kwa Huszár ni maafa, maana uzito ndio chombo chake cha kazi: kuna namna anavyosita kabla ya kukaa, namna mabega yanavyotangulia na tumbo kufuata, na vyote hivyo viliyeyuka. Watoto waliokuwapo walicheka, na mzee mmoja anayekumbuka kumbi za sinema za zamani za Avalon na Empire mjini alitoka kabla ya mwisho. Programu za kuendeshea filamu kwenye kompyuta zina kitufe cha kupunguza kasi, kwa hiyo kasoro hii haigharimu fedha kuiondoa, isipokuwa mtu wa kukaa mapema na kujaribu.

The Man Who Laughs ya mwaka 1928, iliyoongozwa na Paul Leni, ilirudisha heshima. Watazamaji vijana waliposikia kwamba uso wa Conrad Veidt katika filamu hii, wenye tabasamu lililochongwa kwa kisu, ndio uliowapa wachoraji wa Marekani sura ya Joker, walitoa simu zao kupiga picha kabla hata mkanda haujaanza, na mhudumu akawaomba wazirudishe mfukoni. Filamu hii ilitoka ikiwa tayari na muziki na milio yake iliyorekodiwa, hivyo wanamuziki walipumzika na ukumbi ukaiacha ijisimulie. Huszár ni mwenye nyumba ya wageni, na hapati muda mrefu. Lakini yale niliyoyaona kwenye kiti cha enzi cha China yapo palepale, ila sasa yamevaa aproni.

Halafu anarudi Ulaya, na anacheza mwenye baa tena, katika Der blaue Engel ya mwaka 1930. Sauti ilikuwa imeingia, na Hollywood haikuwa tena mahali pepesi kwa mtu mwenye lafudhi ya Budapest. Filamu hii ya Josef von Sternberg ndiyo iliyomtoa Marlene Dietrich, na Emil Jannings ndiye mwalimu anayeharibikiwa kwa ajili yake. Baina ya majina hayo mawili mwenye baa hana pa kupumulia. Ukumbi ulifanya jambo la busara kwa kutaja pia jina la mnene mwingine aliyemo, Kurt Gerron, anayecheza kiongozi wa kikundi cha wasanii. Wote wawili walikuwa Wayahudi. Gerron aliuawa Auschwitz mwaka 1944. Huszár, baada ya Wanazi kushika Ujerumani mwaka 1933, alirejea kwenye filamu za Hungaria, hadi sheria za nchi hiyo dhidi ya Wayahudi za mwaka 1938 na 1939 zilipoanza kuwafungia watu kama yeye milango. Alikufa mwanzoni mwa miaka ya 1940, vita ikiendelea, mbali na Budapest. Msimulizi aliyasema haya baada ya filamu, taa zikiwa zimewashwa, bila muziki wa huzuni, na hakuna aliyenyanyuka mpaka amemaliza. Kwa jioni hiyo sina malalamiko naye hata moja.

Yaliyobaki ni ya kawaida. Kahawa chungu na kashata zinauzwa kwenye meza ya mlangoni, na sambusa zinakwisha kabla ya mapumziko. Feni ya dari iliyo karibu na mtambo inalia kiasi cha kushindana na fidla. Ngazi ni za kujipinda na hakuna lifti, jambo ambalo wazee, walio wateja waaminifu wa huduma hii, wanapaswa kuambiwa kwenye tangazo. Karatasi inayogawiwa mlangoni ina majina ya filamu, miaka na waongozaji, lakini haisemi Huszár anacheza nani wala haina picha yake. Siku ya Mabuse, ambapo kila mwanamume ana ndevu za bandia au miwani, niliulizwa na jirani zangu wa pande zote mbili ni yupi. Picha moja tu iliyochapwa pembeni mwa karatasi hiyo ingetosha.

Onyesho la mwisho litakuwa Mockery ya mwaka 1927, ya mwongozaji Mdenmark Benjamin Christensen, yenye Lon Chaney kama mkulima wa Urusi wakati wa mapinduzi na Huszár kama Ivan. Nimeuliza kuhusu kasi, nikaambiwa nakala imekwisha kujaribiwa. Kwa atakayekwenda, kiingilio kinaweza kulipwa kwa simu, ila kiti hakishikwi, na milango hufunguliwa saa kumi jioni. Wanaofika mwisho huwekwa nyuma ya nguzo iliyo upande wa kulia, ambako robo ya pazia haionekani. Chaney ataonekana bila shida kutoka hapo, Huszár sina hakika.